Mzazi bado hajavuka

Watu wa kwetu wakisikia mtoto amelia, husema mama amevuka. Tangu mdogo wangu ajifungue, nyumba yetu hapa Langoni, mtaa wa mji wa Lamu, haikauki wageni. Wanaleta tende, udi, nguo za mtoto, na kila anayeingia husema alhamdulillahi, yamekwisha. Naitikia, kwa kuwa ni dua njema. Wakishaondoka natoa mashine ya presha na kumwambia mdogo wangu aketi. Ya kuzaa yamekwisha. Ya presha bado.

Presha ya mimba haitoki siku moja na kondo. Mara nyingi hupanda tena kati ya siku ya 3 na ya 6 baada ya kujifungua, na kifafa cha mimba chaweza kumshika mwanamke ambaye tayari ananyonyesha, hata ambaye ujauzito wake wote hakuambiwa ana presha. Siku hizo ndizo tunazomweka mzazi ndani, tukamkanda, tukamfunga tumbo, tukamnywesha uji wa pilipili manga. Kichwa kikimuuma tunasema ni kukosa usingizi, mtoto hamlazi. Huenda ikawa kweli. Lakini kichwa cha mzazi hakijulikani ni cha usingizi mpaka apimwe.

Mdogo wangu ameolewa Siyu, kisiwa cha Pate. Alikuwa wiki ya 33 alipoambiwa kliniki kwamba presha yake ni 150 kwa 100. Alishangaa sana, kwa kuwa hakuumwa popote. Asubuhi ile alikuwa amefua na kuanika. Miguu ilikuwa imevimba, ndiyo, na majirani walishampa habari kwamba ni mtoto wa kiume. Muuguzi hakumtisha wala hakumruhusu aende zake. Alimpumzisha, akampima tena saa nne zilipopita, akatia kijiti kwenye mkojo, protini ikaonekana. Kipimo kikifika 140 juu au 90 chini, hata namba moja tu kati ya hizo, na kikarudia hapo, hiyo ni presha. Ikianza baada ya wiki ya 20, tena ikaja na protini kwenye mkojo au dalili kwamba figo, ini au damu imeanza kuathirika, ndiyo huitwa priklampsia. Iliyokuwepo kabla ya wiki ya 20 kwa kawaida ni presha aliyoingia nayo mwanamke kwenye mimba, na hiyo ataendelea kuishi nayo.

Nilimuuliza daktari inatoka wapi. Akanieleza kwamba mwanzoni mwa mimba mishipa inayopeleka damu kwenye kondo hutakiwa ipanuke. Isipopanuka vizuri, kondo hukosa damu ya kutosha, nalo humwaga ndani ya damu ya mama vitu vinavyoumiza mishipa yake mwili mzima: ya ubongo, ya figo, ya ini, ya macho. Kwa hiyo dawa hushusha presha na kumlinda mama, lakini ugonjwa wenyewe hauanzi kuondoka mpaka kondo litoke. Maneno yale yalinipa faraja kubwa, maana walikwisha kumwambia ni hasira zake, ni mawazo, ni chumvi ya papa. Alinyimwa chumvi mpaka chakula kikamshinda. Shirika la Afya Duniani halishauri kumkatia mjamzito chumvi ili kuzuia priklampsia, wala kumlaza kitandani mchana kutwa nyumbani.

Mama yetu naye ana presha ya miaka mingi, na kwa huruma alitaka kumgawia vidonge vyake. Namshukuru Mungu aliuliza kwanza. Losartani na enalaprili, ambazo wazee wengi wetu wanazitumia, zinaweza kuharibu figo za mtoto aliye tumboni. Za mjamzito ni nyingine: methildopa, nifedipini, labetaloli. Mdogo wangu alipewa methildopa, akaambiwa arudi kupimwa kila wiki, na asingoje tarehe akiona kichwa kinauma bila kuacha, macho yanaona ukungu au vimetameta, maumivu chini ya kifua upande wa kulia, uso na mikono kuvimba ghafla, mkojo kupungua, au mtoto kutocheza kama kawaida.

Baada ya hapo tuliamua asikae Siyu. Nataka kulieleza hili kwa urefu kidogo, kwa sababu ndilo naona lilimwokoa. Siyu unaingia na kutoka kwa mlango wa mikoko ambao maji yakipwa mtaboti, yaani boti ya injini, haupiti. Mkanda nao, ule mwembamba kati ya Manda na bara, unataka maji yajae. Kuzunguka nje kwa bahari kuu wakati wa kusi, na mgonjwa ndani, hilo nahodha mwenye akili halikubali kwa urahisi. Presha haiangalii maji. Inaweza kupanda usiku, maji yamepwa, na kutoka kichwa kuuma mpaka kifafa pakawa na muda mfupi kuliko muda wa kungoja maji. Mjamzito wa kisiwani mwenye presha asisafiri siku anayoumwa. Asafiri siku anayojisikia mzima. Shemeji yangu aliona uzito mkewe kuondoka nyumbani wakati anatembea na kucheka. Mama mkwe wake ndiye aliyesema: aende, mtu haaguliwi nanga imekwama topeni.

Alikuwa hapa kwetu, wiki ya 35, aliponiamsha alfajiri. “Dada, kitwa chaniuma, na mato hayaoni vyema.” Mashine ikasema 172 kwa 114. Ikifika 160 juu au 110 chini ni dharura, hakuna kungoja kupambazuke. Tulimtoa kwa machela kupitia vichochoro, vijana wa mtaa wakipokezana, mpaka hospitali.

Alichomwa magnesiamu, mshipani kwanza kisha sindano moja kila tako. Alilia. Alisema mwili wote unawaka moto. Dawa hii ni ya zamani na bei yake si kubwa, na utafiti mkubwa uliotolewa mwaka 2002 ulionyesha kwamba inapunguza uwezekano wa kifafa cha mimba kwa zaidi ya nusu. Ikizidi mwilini huzuia pumzi, ndiyo maana wauguzi walikuwa wakimhesabia anavyopumua, wakimgonga goti kwa nyundo ndogo na kupima mkojo kwenye mfuko. Presha ilipotulia wakamwanzishia uchungu. Kwa priklampsia kali iliyopita wiki ya 34, kumchelewesha mama hakumsaidii.

Hakupata kifafa. Lakini nakumbuka mwanamke wa mtaani kwetu, mimi nikiwa msichana, aliyetupwa chini akitetemeka siku chache baada ya kuzaa, na watu wazima wakasema amepandwa. Asomewe, nami pia ningemsomea. Yasini inasomeka hata ndani ya mtaboti. Mtu akishikwa hivyo alazwe ubavu wa kushoto, asitiwe kitu mdomoni, asishikiliwe kwa nguvu, na safari ya hospitali ianze hapo hapo.

Shangazi ndiye anayemhudumia mzazi wetu. Amelea wazazi wengi wa Lamu na mikono yake inajua kazi. Mimi naiona arobaini, siku zile za mzazi kukaa ndani, kama neema ambayo wanawake wa miji mikubwa hawana: mtu mzima mmoja yuko karibu na mama usiku na mchana. Huyo akizijua dalili, hatupitwi na kitu. Basi nimekaa na shangazi, nikamwonyesha mashine. Mzazi apumzike dakika 5, awe amekwisha kwenda haja ndogo, mgongo uegemee, miguu isipandane, mkono uwe usawa wa moyo, mkanda ufungwe juu ya ngozi na si juu ya mkono wa gauni. Shangazi hasomi sana, lakini namba anazijua vyema kutokana na biashara yake ya viungo. Sasa ndiye anayenikumbusha mimi. Juzi kipimo kilifika 148 kwa 94, akasema tusilale nayo, tukaenda, nifedipini ikaongezwa. Leo ni 136 kwa 84.

Wiki ya 6 atapimwa tena presha na mkojo, ijulikane kama imeisha au imebaki. Hata ikiisha, atapima kila mwaka, maana aliyewahi kupata priklampsia ana hatari takriban maradufu ya maradhi ya moyo baadaye. Na akijaliwa mimba nyingine, aende kliniki mapema, miezi mitatu ya mwanzo isimpite, apewe asprini ya kiwango kidogo na kuambiwa kuhusu kalisiamu. Asprini hiyo inafaa ianze kabla ya wiki ya 16, na daktari ndiye wa kuiandika. Shemeji alikuja jana na mashua ya jioni, nikamsomea haya yote mbele ya mama. Amekubali pia kwamba safari ijayo mkewe atahamia Langoni wiki ya 32, presha iwe imepanda au haijapanda. Nauli ya mtaboti ameshaanza kuiweka kwa mama mkwe wake.