Mji Uliomfunza George Lucas Kuzunguka

Nimeishi Modesto, katika bonde la kati la California, kwa miaka sita, na kila ninapowatajia jamaa zangu wa Mombasa jina la mji huu hulazimika kuongeza kwamba ndiko alikozaliwa George Lucas, mwongozaji wa filamu, mwaka 1944. Baba yake alikuwa na duka la vifaa vya kuandikia, na pembezoni mwa mji familia ilikuwa na shamba la miti ya jozi.

Burudani ya vijana wa zama zake ilikuwa kuranda na magari: usiku waliendesha taratibu, wakishika mtaa wa 10 na kurudi kwa mtaa wa 11, madirisha wazi, redio zikiimba, wakitazama na kutazamwa, ilhali hakuna aliyekuwa na mahali pa kwenda. Mtu wa Mombasa hahitaji maelezo marefu, kwani nasi huegesha magari Mama Ngina jioni tukila mihogo ya kukaanga kwa pilipili na ndimu, bahari ikiwa kisingizio tu.

Lucas alitamani kuwa dereva wa mashindano. Juni 1962, siku chache kabla ya mahafali yake ya sekondari, gari lake dogo la Kiitaliano liligongwa na jingine, likabingirika na kuuvaa mti wa jozi. Mkanda wa usalama ulikatika, akarushwa nje, na kukatika huko ndiko kulikomwokoa. Ndoto ya mashindano iliishia hapo.

Filamu yake American Graffiti ya mwaka 1973 inarejea usiku mmoja wa 1962. Kuranda humo si pambo, bali ndiko kunakoipa hadithi umbo lake: vijana wanne wanapishana, wanapotezana, wanakutana tena kwenye taa za barabarani, na nyimbo za redio zinavuka kutoka gari hadi gari kana kwamba mji mzima ni sebule moja. (Sehemu kubwa ya filamu ilipigwa Petaluma, mji mwingine wa California, jambo ambalo jirani yangu mzee hajalisamehe.)

Mmoja wao, Curt, anasitasita usiku kucha, kisha asubuhi anapanda ndege. Usiku wangu wa mwisho nyumbani, kaka yangu alinizungusha kutoka Nyali hadi kivuko cha Likoni, tukageuza, tukaanza tena, na wala sikumuuliza tunakwenda wapi.