K/D ya tatu, K/D ya mbili

Lubumbashi, Jumapili usiku

Kwetu Kenya (Kenya hii ya Lubumbashi, si ile ya Nairobi) kijana akitaka kukupima siku hizi haulizi unasoma wapi wala unafanya kazi gani. Anauliza K/D yako, yaani umeua wangapi kwa kila mara uliyokufa kwenye gemu. Ukimtajia moja na nusu anakuonea huruma. Ukimtajia nne anaomba UID yako (namba ya akaunti) akahakikishe mwenyewe, maana ndani ya Free Fire, gemu la simu la kufyatuliana risasi, mwenye namba hiyo anakutafuta na kusoma rekodi zako hata wewe ukiwa umelala.

Mimi nina kabini ya kutuma pesa na kuuza mega za intaneti. Wateja wakipungua, nacheza. Sichezi vizuri sana wala vibaya sana, na hilo halinikoseshi usingizi. Ninachokipenda kuliko gemu lenyewe ni ule ukurasa wa takwimu. Nadhani kazi imeniharibu: mtu anayefunga hesabu kila jioni, faranga upande huu, dola upande ule, hawezi kuona safu ya namba akaipita bila kuuliza zimetoka wapi.

Wengi hawaulizi. Wanagusa profaili yao, wanaingia kwenye takwimu, macho yanakwenda moja kwa moja kwenye K/D, basi. Hawaangalii hata kama wamefungua solo (peke yako), duo (wawili) au skwadi (wanne), wala kama ni mechi za renki, za kupanda ngazi, au za kawaida. Kila kisanduku kina namba zake, na mtu mmoja anaweza kuwa simba katika kimoja na kuku katika kingine.

Alhamisi walikuja wawili wakizozana. Mmoja ananyoa kwenye saluni ya jirani, mwingine ni mwanafunzi. Katika mji huu, ambapo timu za mpira Mazembe na Lupopo zinatosha kuwagombanisha ndugu wa tumbo moja, sikushangaa kuona sasa wameongeza sababu nyingine.

"Yaya, tuamulie," kinyozi akasema (yaya kwetu ni mkubwa wako). "Mimi niko na tatu, huyu yuko na mbili. Nani anacheza?"

"Tatu yake ni ya marafiki," mwanafunzi akajibu.

"Marafiki ndio wananifyatulia bunduki?"

Nikawaomba simu zote mbili, nikafungua ukurasa wa mwisho wa daftari langu la kabini. Namba za hapa chini nimezizungusha kidogo ili hesabu isomeke, lakini sura yake ndiyo hiyo.

Kinyozi hucheza skwadi tu, tena na watu walewale, na ni timu kali. Katika mechi 100 wameshinda 50. Yeye ameua 150. Sasa K/D maana yake ni mauaji gawanya kwa vifo, na Free Fire haikuandikii kifo katika mechi uliyoshinda. Kwa hiyo vifo vyake ni mechi 100 toa ushindi 50, vinabaki 50. Gawanya 150 kwa 50: tatu kamili. Hajasema uongo.

Mwanafunzi hucheza solo. Mechi 100, ushindi 5, mauaji 190. Vifo 95. Gawanya: mbili kamili. Naye hajasema uongo.

Nikaandika mstari wa tatu chini ya hiyo miwili. Kila mmoja anaua wangapi katika mechi moja? Kinyozi, mmoja na nusu. Mwanafunzi, karibu wawili: 1.9. Mwenye "mbili" anaua zaidi kuliko mwenye "tatu", tena akiwa peke yake, bila mtu wa kumwinua akianguka. Kilichopandisha namba ya kinyozi ni ule ushindi, ambao unakula vifo na kukifanya kigawanyo kiwe kidogo. Mauaji yake ni ya kawaida kabisa.

Mwanafunzi akapiga meza. Kinyozi akalitazama daftari kwa muda, kisha akasema, "Lakini mechi 50 tumeshinda, yaya. Yeye ameshinda tano." Na hapo, jamani, hakukosea pia.

Kwa sababu ushindi nao lazima upimwe kwa kisanduku chake. Solo mnashuka watu 50 na anabaki mmoja. Kama wote mngekuwa na mikono sawa, kila mtu angeshinda mara moja katika mechi 50, yaani asilimia 2. Skwadi ni watu walewale 50 lakini wamegawanywa wannewanne, timu 12 au 13, kwa hiyo bahati tupu inakupa kama asilimia 8. Asilimia 5 za mwanafunzi ni zaidi ya mara mbili ya bahati. Asilimia 50 za kinyozi ni zaidi ya mara sita. Timu yao ni ya kuogopwa kweli. Ila takwimu haiwezi kuniambia ni nani katika wale wanne anayeibeba, na kwa mauaji mamoja na nusu kwa mechi, sidhani ni yeye. Hilo sikumwambia. Ni mteja.

Waliondoka bado wanabishana. Mimi nikabaki na hesabu nyingine ambayo hainiachi tangu siku hiyo.

Fikiria solo tena. Watu 50 wanaruka kutoka kwenye ndege juu ya Bermuda. Mechi ikiisha vimeandikwa vifo 49. Mauaji hayawezi kuzidi 49, na mara nyingi hayafiki, kwa sababu daima kuna mmoja anayeuawa na zoni, kwa kubaki nje ya duara la usalama linalosinyaa, huku akizunguka nyumba kutafuta bunduki, na kifo hicho hakimwingizii mtu faida. Sasa kusanya mechi zote za solo zilizowahi kuchezwa. Jumla ya mauaji ukiigawanya kwa jumla ya vifo hupati zaidi ya moja. Haiwezekani. Kila anayejivunia tatu, kuna wengine mahali fulani wenye sifuri nukta kitu wanaomlipia.

Basi mbona kila ninayemjua ana mbili na zaidi? Hao wanaolipa wako wapi? Katuba? Ruashi?

Hawako popote. Ni roboti. Gemu hujaza mechi kwa wachezaji wasio watu, hasa mechi za wageni na za renki za chini, ili mtu mpya asiuawe kila mara akakata tamaa akafuta programu. Ukishakaa muda unawajua: anakimbia moja kwa moja uwanjani bila kujificha, anasimama, anafyatua risasi ubavuni pako kama anayekusalimia, halafu anangoja umuue. Wewe unaandikiwa mauaji. Kifo chake hakiandikwi kwenye profaili ya mtu yeyote. Ndiyo maana K/D za mtaa mzima zinaweza kupita moja kwa pamoja bila hesabu kuvunjika.

Ndiyo maana pia K/D ya mwanzo wa akaunti inanenepa, halafu inakonda kadiri unavyopanda. Vijana wanalia kwamba wamepoteza mkono. Mkono uko palepale. Aliyebadilika ni yule aliye mbele yao: jana alikuwa roboti wa Bronzi, renki ya chini, leo ni mtu mzima wa Heroiki, renki ya juu, aliyejifungia chumbani na mtandao mzuri.

Hapa ndipo ninapowahusudu wacheza chesi. Namba yao inatokana na kazi ya Arpad Elo, mwanafizikia wa Marekani mzaliwa wa Hungaria, na shirikisho lao la dunia liliipokea mwaka 1970. Namba ile inauliza kwanza ulicheza na nani. Ukimzidi mwenzako pointi 200, inatarajiwa upate kama 76 katika kila 100, kwa hiyo ukimshinda unaongezewa kidogo tu, na akikushinda yeye unakatwa sana. K/D haiulizi. Roboti na bingwa wa dunia, wote kwake ni kichwa kimoja. Pointi za renki nazo zinakupa kwa nafasi uliyomaliza na kwa mauaji, na ukiwa na saa nyingi na mega za kutosha utapanda tu, polepole, hata kama uwezo wako haujasogea. Renki ya juu inaniambia huyu mtu hajakata tamaa. Ni sifa nzuri, ila ni sifa nyingine.

Asilimia ya risasi za kichwa ndiyo inayoleta kelele zaidi kuliko zote, nami ndiyo ninayoitilia shaka kuliko zote. Inategemea bunduki unayopenda na umbali unaopigania. Mtu wa AWM, bunduki ya mbali, anayelala mlimani na mtu wa M1887, bunduki ya karibu, anayeingia mlangoni hawafanyi kazi moja, na kuwalinganisha kwa namba moja ni kuwaonea wote wawili.

Halafu kuna yasiyoandikwa. Ukurasa hauna safu ya mtandao uliokata. Jioni, watu wote wakiwa wamerudi nyumbani na kila mtu yuko kwenye simu yake, ping (kipimo cha mtandao kuchelewa) inageuka nyekundu, unamwona adui amesimama, unampiga, kumbe alishaondoka zamani na wewe ndiye uliyelala chini. Umeme nao ukikatika, mawimbi ya intaneti ya jirani yanakwenda nao. Kifo kimeandikwa, sababu haikuandikwa. Ninao wateja wanaocheza saa kumi za alfajiri kwa ajili hiyo tu, na macho yao mekundu ndiyo takwimu yao.

Jambo lingine ninalolijua vizuri kutokana na kazi ni kwamba siku moja haisemi kitu. Kuna Jumatatu ninayopitisha pesa nyingi kwenye simu kwa sababu tu mtu mmoja amelipa karo za watoto wake wote, na Jumanne ninakaa nikihesabu nzi. Ningesema biashara imekua Jumatatu na imekufa Jumanne, ningekuwa mwendawazimu. Mechi ni vilevile. Mtu ambaye uwezo wake halisi ni kushinda 10 katika 100 anaweza kupata 6 msimu huu na 14 msimu ujao bila kujifunza chochote wala kusahau chochote. Katika mechi 10 ndiyo usiseme: anaweza kukosa zote, au akashinda tatu akaanza kutafuta wafadhili.

Mimi sasa naangalia vitu vichache. Solo ya renki peke yake, msimu kwa msimu, kamwe si jumla ya maisha yote, kwa sababu jumla hiyo imebeba roboti wa miaka iliyopita na haisogei hata ukigeuka kuwa malaika. Naangalia wastani wa dameji, yaani madhara niliyowapa maadui, kwa kuwa hauhitaji nimalize kuua: nimepigana au nimejificha kwenye nyasi? Naangalia muda wa kuishi pembeni yake. Msimu huu muda umepanda, dameji imeshuka. Tafsiri yake ninayo: nimeanza kuogopa. Nakaa ndani ya zoni, nangoja wauane, naingia kumi bora, nakufa wa nne bila kufyatua. Pointi za renki zinaongezeka na K/D imeshuka kidogo tu, kwa hiyo ningetazama hizo mbili peke yake ningejipongeza. Kwenye skwadi naangalia pia idadi ya niliowainua, sehemu ambayo hakuna kijana wa mtaa huu aliyewahi kuniuliza.

Leo baada ya misa mdogo wangu ameniambia anafungua akaunti mpya, ili K/D yake "ianze safi". Nikamwambia sawa, kwa hao roboti wa mwanzo utafika nane kabla ya wiki kuisha, uipige picha ya skrini haraka.

"Njo vile, yaya!" Hakuisikia kejeli hata kidogo. "Sasa nipe mega za deni nianze leo."

Nikamwonyesha daftari. Za Jumamosi hajalipa.