Kutoka Harlem hadi Corona, kwenye nyaraka za wanamuziki Weusi

Nilishuka kituo cha Mtaa wa 135, Harlem, hatua chache kutoka Schomburg Center, tawi la Maktaba ya Umma ya New York lililokua kutokana na vitabu na hati za historia ya Weusi alizokusanya Arturo Schomburg, mzaliwa wa Puerto Rico, zilizoingia maktabani humo mwaka 1926.

Nilifuata matoleo ya Green Book, mwongozo ulioanzishwa mwaka 1936 na Victor Hugo Green, tarishi wa posta aliyeishi Harlem, kumwonyesha msafiri Mweusi mahali pa kula, kulala na kujaza mafuta bila kufukuzwa. Wanamuziki Weusi walioshangiliwa ukumbini huko Kusini mwa Marekani hawakupokewa na hoteli za mji uleule. Duke Ellington alikodi mabehewa ya treni ili bendi yake ipate malazi. Wanawake wa International Sweethearts of Rhythm, bendi ya jazi iliyochanganya Weusi na wazungu, walilala ndani ya basi lao, na wenzao wazungu walijipaka vipodozi vyeusi ili polisi wasiwakamate kwa kuvunja sheria za ubaguzi. Wasio na uwezo huo walitegemea nyumba za watu, na hapo ndipo kurasa hizo ziliponigusa zaidi, kwa kuwa chini ya majina ya miji mingi zimeorodheshwa nyumba za wageni kwa majina ya akina mama waliozimiliki. Naamini historia ya jazi ina deni kubwa kwao, ingawa hakuna santuri inayowataja.

Treni nambari 7 ikanifikisha Corona, Queens, alikoishi mpiga tarumbeta wa jazi Louis Armstrong tangu 1943 hadi alipofariki mwaka 1971. Nyumba ni ya kawaida, ya matofali. Ng'ambo ya barabara kipo kituo cha nyaraka zake kilichofunguliwa 2023, chenye mamia ya kanda alizorekodi mwenyewe nyumbani na safarini, akiyapamba maboksi yake kwa picha alizokata magazetini.

Wapo waliomlaumu kwamba alitabasamu mno mbele ya wazungu, na lawama hiyo naiona ya haraka. Louisiana ilipopiga marufuku mwaka 1956 wanamuziki Weusi na wazungu kupiga pamoja, yeye, ambaye bendi yake ilikuwa ya mchanganyiko, aliacha kupiga New Orleans, mji aliozaliwa, hadi 1965. Mwaka 1957, wanafunzi Weusi walipozuiwa kuingia shuleni mjini Little Rock, Arkansas, alimshutumu Rais Eisenhower hadharani, akakataa ziara ya Umoja wa Kisovieti aliyoandaliwa na serikali. Anayetaka kumhukumu na aanzie kwenye nyaraka zake, ambazo nyingi zimewekwa mtandaoni bila malipo.