Peke yangu

"Mzee, leo umetoka na nani?"

"Peke yangu."

Basi. Dalali kauliza, mjomba kajibu, na mimi nimesimama palepale, maji ya magoti, kafi begani, mtungo wa changu mkononi. Dalali akanitazama, akacheka, akarudi kwenye mnada wake. Hiyo Jumamosi. Leo Alhamisi, barua ya uhamisho imetoka, Mama Mdogo kalazwa na karuhusiwa, mimi bado niko kwenye yale maji.

Peke yake! Na maji ya ngalawa alikuwa anayafua nani?

Tulitoka Kigombe na umande, kipande cha mwezi bado kiko juu. Kwa hesabu ya mwezi ilikuwa 22, maji mafu, mkondo hauburuti mshipi. Chubwi, kile kizito cha mshipi, ikitua mwambani unaisikia kidoleni. Mjomba ana mfereji kwenye kidole cha shahada, umechimbwa na mshipi. Changu anadonoadonoa, chewa anavuta mara moja na kukimbilia pangoni: hayo alinifundisha mwaka juzi. Jumamosi hakusema kitu, nami sikuuliza. Jua likatoka baharini, Usambara ikapata rangi upande wa pili, tumepeana migongo, kila mtu na mshipi wake. Saa tatu matlai, upepo wa kutoka baharini, ikaingia, akapandisha tanga. Hata kikohozi hakikupita.

Nilidhani tumeelewana. Kumbe!

Jana jioni niko juu ya mbuzi, nakuna nazi, ndipo nikakumbuka. Zamani akiulizwa swali hilohilo alijibu, "Nimebeba mgeni." Maana nilikuwa naongea mno: ya ofisini, ya mpira, samaki wamekwenda wapi leo mjomba, tuhamie kule mjomba. Siku moja aling'oa nanga mapema, akasema kichwa kinamuuma. Mimi nikampa pole, nikaendelea kuongea mpaka ufukweni.

Mgeni hayumo tena chomboni. Nikacheka jikoni na nazi yangu mpaka jirani akagonga ukuta.

Au nimejitafutia tafsiri tamu? Kesho kutwa nikienda sitamuuliza. Nikimuuliza tu, nimeshakuwa mgeni tena.

Changu wawili bado wako kwenye friji, nalo limeanza tena ule mlio wake wa usiku. Fundi aliyekuja mwezi wa Ramadhani hapokei simu.