Mchungaji wa dakika kumi za mwisho

Hivi kwa nini mchungaji kwenye muvi za Kinaijeria huwa anachelewa vile? Saa zima na nusu mtu katoa kafara mke, mama mkwe anaongea na nyoka, mganga na vitambaa vyake vyekundu anajichekea tu, alafu sehemu ya pili inakaribia kuisha ndo anatokea jamaa wa suti kubwa na Biblia, anapiga kelele kwa jina la Yesu, moto wa kompyuta unamtoka mkononi, mchawi chini, yanapanda maandishi ya kumpa Mungu utukufu, kwisha.

Hii haijaanza jana. Living in Bondage ya 1992, ile iliyowasha biashara ya mikanda ya video Nigeria, Andy anamtoa kafara mkewe Merit apate hela, mzimu unamsumbua mpaka anachanganyikiwa, anakuja kupona kwa maombi. Miaka hiyohiyo Mount Zion ya Mike Bamiloye wakatoa Agbara Nla, na hawa ni huduma kabisa, wanahubiri kwa maigizo tangu 1985. Kwa hiyo tusisingizie watu wa dunia, skripti tumeandika wenyewe walokole. Bongo muvi nao wakaichukua ilivyo, wakamhamishia mganga Sumbawanga tu (watu wa Sumbawanga mtusamehe jamani).

Mapepo sikatai, Injili ya Marko imejaa hizo habari. Shida yangu ni kwamba imani inageuka dawa kali kuliko ya mganga, basi. Dada katoka kwa mganga kutafuta mume, anaenda kwa mchungaji kutafuta mume huyohuyo, yeye mwenyewe hajabadilika popote.

Wazungu nao wana mapadri wao wa kufukuza shetani, ila hata The Exorcist ya 1973, na vitisho vyake vyote, padri Karras kafiwa na mama yake na imani inamponyoka, unaona kabisa huyu ni mtu. Mchungaji wetu hana mama, hadaiwi kodi, hajawahi kuomba kitu akakikosa. Wakati makanisani kwetu stori zipo tele, mweka hazina wa kwaya kala hela ya sare, mama anasali jumuiya nyumbani kwa jirani aliyemdhulumu kiwanja, hapo nyoka wa nini?

Mi naitaka moja tu, mchungaji anaomba usiku kucha, mgonjwa anakufa, na Jumapili lazima apande madhabahuni ahubiri, mjane kakaa benchi la mbele. Kama mnaijua nitupieni jina hapo chini.