Siku yangu moja na Bert Williams, New York

Saa 1 asubuhi. Mhariri wangu yuko Dar na kwake ni saa 8 mchana, kwa hiyo simu yake ndiyo inayoniamsha.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Muswada nimeusoma. Hebu niambie, mtu mweusi anajipaka masizi ili iweje?"

Swali hilo ndilo kazi yangu ya leo. Naandaa vipindi vya redio kuhusu waigizaji weusi wa zamani wa Marekani, na zamu hii ni ya Bert Williams, mzaliwa wa Nassau, Bahamas, mwaka 1874.

Saa 4. Niko Kituo cha Schomburg, maktaba ya historia ya watu weusi huko Harlem, meza imejaa picha. Tangu miaka ya 1830 wachekeshaji wazungu walijipaka masizi na kuwadhihaki weusi. Watu wakaizoea sura hiyo mno, hata mweusi halisi alipotaka kupanda jukwaani akatakiwa naye aivae. Kizibo cha chupa kilichomwa, kikasagwa na kukorogwa na maji, midomo ikachorwa mipana. Williams alikuwa maji ya kunde, mrefu, mtanashati. Naweka picha yake ya suti kando ya ile ya jukwaani, yenye glovu na viatu vikubwa, na inanichukua muda kuamini ni mtu mmoja.

Saa 6. Hapa nakaa zaidi, maana hapa Afrika inaingia. Williams alikutana na George Walker, mwigizaji mweusi mwenzake, San Francisco mwaka 1893. Mwaka uliofuata yalifanyika maonyesho makubwa mjini humo, na Wadahomey, watu wa Dahomey (leo Benin, Afrika Magharibi), walioalikwa wakachelewa kufika. Vijana hawa wawili wakaajiriwa kujifanya Wadahomey! Wenyewe walipowasili, wawili hao walirudi kuwatazama, na Walker alieleza baadaye kwamba pale ndipo walipopata hamu ya kuileta Afrika jukwaani. Mwaka 1903 wakaja na In Dahomey, mchezo wa kuigiza wenye nyimbo. Muziki ulikuwa wa Will Marion Cook, mashairi ya Paul Laurence Dunbar, na waigizaji wote walikuwa weusi, katika ukumbi mkubwa wa Broadway, mtaa wa maigizo wa New York. Watazamaji weusi walipelekwa viti vya juu. Mwaka huohuo wakavuka bahari, na Juni wakaonyesha mchezo huo Buckingham Palace.

Saa 8 mchana. Kipande cha mkate mkononi, nasimama Mtaa wa 42 mbele ya New Amsterdam, moja ya kumbi za Follies, maonyesho ya Florenz Ziegfeld. Williams alijiunga na kundi hilo mwaka 1910. Waigizaji kadhaa wazungu walitishia kuondoka; Ziegfeld hakutikisika. Narekodi kelele za mtaa kwa ajili ya kipindi.

Saa 10 jioni. Nyumbani, filamu yake ya mwaka 1916. Natafuta sehemu moja tu: yuko seli peke yake, anacheza karata zisizokuwepo na watu wasiokuwepo. Anagawa, anachungulia zake, anamkagua mwenzake, anaweka dau. Uso unakunjuka polepole. Kisha mwenzake anafunua karata, na furaha yote inamwishia usoni. Hakuna neno hata moja. Narudisha nyuma, natazama vidole tu. Kila karata ina uzito, kila mchezaji ana mahali pake pa kukaa. Masizi hayakumfundisha hayo.

Saa 1 usiku. Narekodi. Jibu la mama nimelipata: masizi yalikuwa nauli aliyotozwa ili aingie ukumbini, na ilikuwa dhuluma. Lakini nakataa msikilizaji aondoke na huruma peke yake. Ninamtaka amjue fundi aliyeujua ukimya, aliyechekesha kwa kuchelewa kidogo. Kazi ilimshika hadi mwisho: Februari 1922, akiwa mgonjwa, alianguka katikati ya onyesho Detroit, na alifariki New York tarehe 4 Machi, akiwa na miaka 47.

Saa 4 usiku. Faili limeshatumwa Dar. Kipindi kijacho ni cha Aida Overton Walker, mke wa George. Mumewe alipougua mwaka 1909, Aida alivaa mavazi ya kiume ya mumewe na kuimba nafasi yake jukwaani. Picha zake nimeshaziagiza.