Kupanda Horombo kwa njia ya Marangu

Tuliondoka Moshi alfajiri, tukapita vihamba vya migomba na kahawa hadi lango la Marangu, na kutoka hapo tukaingia msituni kwa miguu, tukiupanda Mlima Kilimanjaro kuelekea kambi ya Horombo. Nilikwenda nikiwa na fundisho la Buddha ambalo limenishughulisha kwa muda mrefu: kwamba kila kilichozaliwa na sababu hubadilika na hatimaye hutoweka, na kwamba tunateseka kwa kung'ang'ania kisichoweza kudumu.

Juu ya kambi ya Mandara msitu hukoma, vichaka vikaanza. Tulipumzika Whona, eneo ulikoanzia moto wa Oktoba 2020, ambao mamia ya watu walipanda kuuzima. Vichaka vipya vilikuwa vikichipua kando ya mashina yaliyoungua. Karibu na Horombo, mita 3,720 juu ya usawa wa bahari, tuliikuta ile mimea mirefu ya Dendrosenecio, ambayo majani yake yaliyokauka hayadondoki bali hulifunika shina na kulikinga na baridi kali ya usiku. Nilisimama hapo muda mrefu, kwa kuwa sijaona mahali pengine ambapo kilichokufa kinakitumikia kilicho hai waziwazi namna hiyo.

Jioni mawingu yaliondoka na Kibo, kilele cha mlima, kikaonekana. Mwongozaji wetu, mzee wa Kichagga, alinionyesha kwa fimbo: "Mwanangu, nilipoanza kubeba mizigo, barafu ile ilishuka chini kuliko pale." Mwaka 1912 barafu ya Kilimanjaro ilikuwa na eneo la takriban kilomita za mraba 12, kufikia 2007 asilimia 85 hivi ilikuwa imetoweka, kwa sababu theluji imepungua, hewa imekauka na dunia inapata joto. Niliona huzuni, na sidhani kwamba Buddha angenikataza. Wanaolichukua fundisho lake kuwa ni la kukata tamaa wanalikosea, maana kinachotokana na sababu hubadilika pia sababu zake zikibadilishwa. Mito inayoteremka Moshi hutegemea mvua na ukungu unaonaswa na msitu kuliko inavyotegemea barafu, na msitu bado tunaweza kuulinda.

Nilipomuuliza mzee kuhusu maji ya kwao, alinieleza kwa kirefu jinsi wanavyosafisha mfongo, yaani mfereji wa maji wa Wachagga, kwa zamu kabla ya kiangazi. Kesho yake tuliteremka kwa haraka, kwa sababu zamu ya ukoo wake ilikuwa Jumamosi.